Bi Tena Alivyomkata Kava

Kabla hajawa mtayarishaji wa filamu, Bi Tena alikuwa fundi wa mapazia. Kazi hiyo ina faida moja ambayo wengi hawaijui: fundi wa mapazia huingizwa mpaka chumba cha ndani. Hupanda juu ya stuli, futi ya kupimia shingoni, pini mdomoni, na kwa kuwa mdomo umejaa pini hasemi neno, wenye nyumba humsahau. Mume na mke huteta chini yake kana kwamba aliyeko pale juu ni mjusi. Miaka na miaka Bi Tena alipima madirisha ya watu huku masikio yakiwa wazi. Akirudi kwao jioni alimsimulia mama yake kila kitu, tena kwa kuiga sauti, mpaka mama mtu akashika mbavu.

"Mwanangu," mama alimwambia siku moja, "haya mambo ungeyatia kwenye filamu, nusu ya watu wangehama mji."

Mama alitania. Binti hakulichukua kama utani. Aliuza cherehani yake kubwa, akabaki na ile ndogo, akakodi kamera na kumtafuta mpiga picha wa harusi aliyeitwa Jicho, mtu mrefu, mpole, aliyefumba jicho moja hata asipokuwa na kamera. Hivyo ndivyo alivyoanza. Hakuwa na kampuni wala ofisi, wala hakuwa na mjomba serikalini. Alikuwa na mapazia yake, yaliyoweza kugeuza chumba kimoja kuwa vyumba vitano, na alikuwa na ubishi. Waigizaji wake, wengi wao wateja wake wa zamani, ndio waliompa jina, maana neno walilolisikia kutwa kucha lilikuwa hilo hilo: "Tena! Rudia tena!"

Filamu ya kwanza ilihusu mjane ambaye wanawe wanataka kiti cha marehemu kiondolewe sebuleni, naye hataki. Ilipigwa sebuleni kwa mama yake. Siku ya tukio kubwa, mwigizaji aliyechaguliwa kuwa mjane hakutokea. Alipata pa kwenda penye neema zaidi. Taa zimewashwa, watu wamekaa, kamera ni ya kukodi. Bi Tena alikuwa akizunguka chumba kama kuku anayetafuta pa kutagia. Mama yake, mkunga mstaafu, akatoka jikoni akijifuta mikono kwa aproni.

"Mnamtafuta mjane?" akauliza. "Mbona yupo humu humu ndani?"

Akaketi. Mbele yake kilikuwepo kiti cha mbao chenye mto uliochakaa upande mmoja, na hicho hakikuwa kifaa cha filamu. Kilikuwa kiti cha baba yake Bi Tena, aliyefariki miaka michache nyuma. Mama akaanza kuzungumza nacho. Hakusema maneno yaliyoandikwa. Alikilaumu kwa kuondoka bila kuaga, akakipa habari za wajukuu, akakiuliza kama kule aliko mwenyewe miguu bado inamuuma. Mwishoni akainuka, akachukua shuka, akakifunika kiti taratibu kama anavyofunikwa mtoto aliyelala, akatoka.

Jicho alilia mpaka kioo cha kamera kikaingia ukungu. Bi Tena, kwa mazoea, akafungua mdomo aseme neno lake.

"Usithubutu," mama akamkata kauli kutoka mlangoni. "Kilio hakirudiwi."

Sasa tuje kwa Kava. Kwenye mtaa wa soko palikuwa na duka moja la filamu, jembamba kama korido, na kila filamu ya mji ule ilipitia juu ya kaunta yake. Mwenyewe alikuwa na desturi ya kuweka picha yake kwenye kava la kila kanda anayouza, kavaa miwani ya jua na anacheka, hata kama filamu yenyewe ni ya mazishi. Ndipo wakamwita Kava. Hakuwa mtu wa kununa. Alikuwa mcheshi, mwenye mkono mwepesi wa kusalimia, anayemwita kila mwanamke dada na kila mwanamume bosi. Wabaya wenye sura mbaya unawakwepa mapema. Hawa wanaocheka ndio wanaokumaliza.

Bi Tena alimpelekea kanda mama, yaani ile kanda halisi ambayo nakala zote hutolewa kwayo. Hakuwa na nyingine. Wakati huo hata hakujua kwamba mtu anapaswa kuwa na nyingine.

"Kazi nzuri hii, dada," Kava alisema baada ya kuangalia kidogo. "Ila wateja hawataki kulia. Vilio wanavyo vya kwao nyumbani. Niachie mimi, nitaichangamsha kidogo."

"Kuichangamsha vipi?"

"Muziki, muziki tu. Nenda ukashone."

Wakapeana mikono. Akaenda akashona.

Filamu ilipotoka, Bi Tena aliikuta ikionyeshwa kwenye televisheni iliyowekwa mlangoni kwa Kava, na umati umejaa mpaka barabarani unacheka. Akajipenyeza. Kwenye skrini alimwona mama yake ameketi mbele ya kile kiti, lakini sauti iliyotoka haikuwa ya mama yake. Ilikuwa sauti nyembamba ya mwanamume anayeigiza kibibi, ikikigombeza kiti kwa nini kimetoa ushuzi mbele ya wageni. Kila mama alipofuta machozi, baragumu lililia nyuma yake. Alipokifunika kiti kwa shuka, ile sauti ikasema, "Basi nuka huko huko ndani!" Watu wakajipiga mapaja. Kwenye kava kuliandikwa kichwa kipya, *Bibi Kachanganyikiwa*, na chini yake, kwa herufi za dhahabu, kwamba mtayarishaji ni Kava. Jina la Bi Tena halikuwepo popote.

Aliingia dukani, akamkuta amekaa kwenye kaunta anakula karanga.

"Umemfanya nini mama yangu?"

"Nimemfanya nyota, dada! Hebu sikiliza watu huko nje."

Bi Tena alikwenda kwenye ofisi inayoshughulikia haki za kazi za sanaa. Afisa alimsikiliza kwa adabu hadi alipotajiwa filamu yenyewe. Hapo afisa akashika midomo yake kwa vidole, mabega yakaanza kumtetemeka, akageukia ukuta. Naye alikuwa ameiona. Bi Tena hakusubiri ageuke. Alichukua pochi yake akaondoka.

Mwenye kubeba mzigo wote alikuwa mama. Mwanamke aliyewazalisha nusu ya watu wa mtaa ule, ambaye watu wazima walimpisha njia, sasa alifuatwa na watoto sokoni wakipiga baragumu kwa midomo. Wakamwita Bibi Kiti. Kwenye foleni ya zahanati, muuguzi kijana aliposoma kadi na kuinua uso, alicheka kabla ya kumsalimu. Mama hakugombana na mtu. Alirudi nyumbani, akaweka kadi mezani, na tangu hapo akawa hatoki. Dawa akaletewa, mboga akaletewa, na pazia la dirisha la mbele, ambalo binti yake alilishona kwa mikono yake, likawa halifunguliwi mchana wala jioni.

Alikufa hivyo hivyo, ndani, mwaka wa pili. Siku ya msiba, sebule ikiwa imejaa watu wamekaa chini, mtu mmoja alikiona kile kiti kitupu pembeni akacheka puani. Akajizuia haraka, akajifanya anakohoa. Lakini Bi Tena alisikia. Wanaomjua wanasema hakulia tena baada ya kicheko kile. Machozi yalikauka pale pale, likabaki jiwe.

"Mwosha huoshwa," alimwambia Jicho walipokuwa wakikunja turubai. "Na huyu nitamwosha mwenyewe."

"Dada, mwachie Mungu."

"Mungu ana kazi nyingi. Hii nampunguzia."

Miaka iliyofuata ndiyo inayoitwa kazi yake, ingawa wengi hawajui kama aliwahi kuwa na kazi. Alitengeneza filamu moja baada ya nyingine, ndogo ndogo, katika nyumba alizoazimwa wenyewe wakiwa kazini. Alikuwa mtayarishaji, mshonaji wa mavazi, mpishi wa waigizaji na mwosha sufuria. Hakumpa msambazaji yeyote kanda hata moja. Alinunua projekta ya mtumba, akaibeba kwenye begi la kushonea, akawa anakwenda mwenyewe shule kwa shule, ukumbi kwa ukumbi, anatundika shuka jeupe na kuonyesha. Hakutajirika, wala hakupata tuzo. Lakini katika vitongoji vile watu walijua kwamba akija yule mama na begi lake, hutajutia kiti chako.

Na kila filamu, kwake, ilikuwa mazoezi. Alijifunza jinsi picha mbili zikiunganishwa zinavyozaa maana ambayo haimo katika hata moja. Ukionyesha uso wa mtu kisha sahani ya chakula, ana njaa. Uso ule ule ukifuatiwa na jeneza, ana huzuni. Mtu mwenyewe hajabadilisha hata ukope. Bi Tena alilitafakari jambo hilo kama mwingine anavyonoa kisu.

Kava naye alizeeka kidogo, akafiwa na mkewe, akapungukiwa na wateja kanda zilipopitwa na wakati. Hamu moja haikumwisha: kuonekana. Uso wake ulikuwa kwenye makava yote, lakini ndani ya filamu hakuwahi kuwamo, na hilo lilimwasha kama upele. Siku moja akabisha hodi kwenye chumba cha kushonea cha Bi Tena, amevaa ile miwani.

"Dada, nasikia unaandaa kitu kikubwa. Na mimi nipo tu, sura ninayo, sauti ninayo."

Hakuwa anajifanya. Alikuwa amesahau kabisa. Lililomuua mama wa mwenzake, kwake yeye lilikuwa kanda moja kati ya mamia. Bi Tena alitoa pini mdomoni, moja moja, akazichoma kwenye kimto cha sponji.

"Ipo nafasi, mzee," akasema. "Nafasi ya mkubwa wa mji. Kila mtu anamsikiliza."

"Hiyo ni yangu!"

"Nami naona ni yako."

Alimshonea suti. Watu waliofanya kazi naye siku hizo wanasema hawajawahi kumwona mpole vile. Kava aliwekwa kwenye roshani ya jengo la ghorofa, akahutubia mji. Alinyanyua mikono, akatoa ahadi, akatulia apigiwe makofi, akainamisha kichwa kwa unyenyekevu. Kwenye baraza la ofisi aliyoazimwa Bi Tena, alikemea mawaziri. Alipouliza wako wapi hao mawaziri na umati wenyewe, Bi Tena alimjibu kwamba hao watapigwa picha siku nyingine, filamu ndivyo zinavyofanywa. Hilo halikuwa uongo. Na Kava aliigiza kwa moyo wake wote, jasho likimtoka. Jicho alipiga picha akiwa amekunja uso kama anayekunywa dawa chungu.

"Anajitahidi, dada," alinong'ona.

"Mama naye alijitahidi."

Uzinduzi ulifanyika alasiri katika ukumbi wa shule. Kava alialika wafanyabiashara wote wa mtaa wa soko na kukaa nao safu ya mbele, pamoja na binti yake wa pekee, aliyeolewa mji wa jirani. Taa zikazimwa. Kwenye skrini, Kava akatokea roshanini, akanyanyua mikono, akaanza hotuba. Kisha picha ikageuka kuonyesha anaowahutubia: uwanja mtupu wenye viti. Viti vya plastiki, viti vya mbao, stuli, kiti kimoja kisicho na mguu. Ukumbi ukalipuka. Kava anatulia apigiwe makofi: kiti kimoja kinaanguka kwa upepo. Anawakemea mawaziri: viti vitatu vya ofisi, kimoja kinazunguka chenyewe polepole kumpa mgongo. Hakuongezewa sauti ya mtu wala baragumu. Kila neno lilikuwa lake mwenyewe, alilolisema kwa dhati. Hadithi nzima ikawa ya mzee aliyeamini anatawala mji, kumbe anatawala viti.

Bi Tena hakuangalia skrini. Alisimama ubavuni mwa ukumbi, akamwangalia Kava. Aliuona mdomo wake ukifunguka kwa kicheko cha kwanza, akidhani ni utani mdogo. Akauona ukifungika. Akamwona akigeuka kulia na kushoto, akitafuta uso mmoja usiocheka, akaukosa. Hata binti yake alikuwa ameinama, anajing'ata kidole. Bi Tena aliunywa uso ule kama mtu aliyetembea jangwani anavyokunywa maji, bila kupumua.

Watu walipotoka, Kava alibaki ameketi. Bi Tena akamwendea.

"Umenifanya kichekesho," Kava alisema. Sauti haikuwa na ucheshi.

"Mama yangu alikuwa anaitwa nani?"

Kava akamtazama. Ilionekana kwamba kitu kinamjia kutoka mbali. Akalamba midomo.

"Bibi... Bibi Kiti?"

Hilo ndilo jina pekee alilokuwa nalo. Bi Tena akaitikia kwa kichwa, akaenda kufungasha projekta yake.

Kama hadithi ingeishia pale, tungesema kisasi kimepatikana. Lakini mambo yalikwenda kombo. Aibu ni mbegu inayohitaji udongo, na kwa Kava udongo huo haukuwepo. Alijifungia kama juma moja. Alipotoka kwenda kununua mkate, watoto wakamzunguka: "Mzee wa Viti! Hutubia!" Alisimama, akatazama huku na huku, na kwa kuwa hapo mlangoni mwa duka palikuwa na kiti, akakihutubia. Watoto wakalia kwa kucheka. Muuza duka akakataa kupokea hela ya mkate. Kesho yake akatoka tena, safari hii amevaa ile suti.

Mwezi haukuisha, Mzee wa Viti akawa kipenzi cha mji. Akaalikwa harusini kuhutubia viti. Akalipwa kutangaza rangi za kupaka nyumba. Watu walimpenda kweli, na yeye akanawiri, akanenepa. Bi Tena alimrushia jiwe, mwenzake akalidaka likageuka andazi. Kilichomuua mama yake ndicho hicho hicho kilichomlisha Kava. Siku moja Bi Tena alimkuta kwenye tangazo ukutani, anacheka na miwani yake, akalichana lote kwa kucha mpaka vidole vikatoka damu.

Kava akaja mwenyewe, na zawadi ya kitambaa.

"Dada, yaliyopita yamepita. Wewe ulinikasirikia, ukanilipiza, na Mungu akageuza. Sasa tufanye sehemu ya pili. Watu wanaiulizia."

Bi Tena aliacha kushona. Cherehani ndogo ilikuwa mbele yake, sindano imezama kwenye kitambaa.

"Nataka kanda mama," alisema. "Ile ya mama yangu. Ikiwa na sauti yake."

Kava akakuna kichwa. "Ile... unajua siku zile kanda zilikuwa adimu. Niliirekodia juu. Nadhani ni harusi ya binti yangu."

"Ilete hivyo hivyo."

Akaileta. Aliikabidhi kwa furaha, kama mtu aliyelipa kiingilio. Bi Tena na Jicho wakaitia kwenye mashine ya zamani na kufunga mlango. Ikaja harusi: maharusi, keki, mke wa Kava bado yu hai, mnene, mcheshi, anacheza na sahani kichwani. Kava mwenyewe kila mahali, anatoa hotuba, anamkabidhi binti, anambusu mkewe shavuni. Harusi ikaisha. Ikaja mvua ya kijivu, chenga tupu na kelele. Jicho alinyoosha mkono azime.

"Acha."

Na kutoka kwenye ile mvua akatokea mama. Zilikuwa dakika chache tu za mwisho ambazo harusi haikuzifikia. Alikuwa akikiuliza kiti kama miguu bado inamuuma. Kwa sauti yake. Sauti nzito kidogo, ya mtu aliyezoea kuwaambia wanawake wasukume. Kisha akainuka, akachukua shuka, akakifunika kiti. Bi Tena aliweka kiganja kwenye kioo cha televisheni na hakukiondoa hata picha ilipokwisha.

Walinakili dakika zile kwenye kompyuta, mara tatu, sehemu tatu. Kisha Bi Tena akamtumia Kava ujumbe wa maneno mawili: hakuna sehemu ya pili.

Aliyekuja baadaye alikuwa binti wa Kava. Alivua viatu mlangoni, akaamkia, akaketi pembeni ya kochi.

"Mama, samahani. Baba anasema kanda yangu ya harusi iko kwako. Nakala ya nyumbani ilioza paa lilipovuja. Sina nyingine." Akaitazama ile mashine pembeni. "Mama yangu yumo humo anacheza. Sina sehemu nyingine ninapomwona anatembea."

Bi Tena alimwangalia. Msichana hakuwa na kosa, na alijua hivyo. Lakini pia alijua, kama mshonaji anavyojua uzi utakakokatikia, kwamba ameuona mshipa wenyewe wa Kava.

"Utaipata," akasema. "Nipe siku kidogo niisafishe."

Hakuwahi kufanya kazi ngumu kama ile aliyoifanya kwenye kompyuta. Bi Tena alimwacha mama wa msichana mzima, kila hatua, kila mzunguko wa sahani. Akamtoa Kava. Hotuba yake aliikata. Pale Kava alipomkabidhi binti, alianza picha sekunde moja baadaye, ikaonekana bibi harusi amejifikia mwenyewe kwa mumewe. Pale alipokuwa amesimama kati ya watu, aliikuza picha mpaka yeye akadondoka nje ya ukingo. Kwenye meza kuu kulibaki kiwiko cha koti. Akakitafutia ua la mapambo akakiziba. Alipomaliza, aliitia harusi hiyo kwenye diski, akafuta ile nzima ya kwenye kompyuta, kisha akairudisha kanda yenyewe kwenye kamera, akaielekeza ukutani na kurekodi ukuta mtupu kuanzia mwanzo hadi mwisho. Jicho alisimama nyuma yake.

"Hapo sasa hujamlipiza, dada. Umemzika."

"Ndiyo."

Binti alikuja na mumewe kuichukua, wakaitazama pale pale. Alilia kwa furaha mama yake alipotokea. Katikati akaanza kuinama mbele, kama anayetafuta kitu kilichoanguka.

"Baba yuko wapi?"

"Hayumo."

Ilichukua muda akaelewa. Hakupiga kelele. Alirudisha nyuma sehemu moja ambapo mama yake anageuza kichwa na kumcheka mtu aliye nje ya picha, kicheko cha mwanamke anayemjua sana anayemtazama.

"Na hapa mama anamcheka nani?" akauliza.

"Hapo pamenishinda," Bi Tena alisema. "Ningekikata kicheko ningemkata na mama yako."

Msichana akachukua diski yake, akavaa viatu, akaondoka bila kuaga, na Bi Tena hakumlaumu.

Baadaye ilijulikana yaliyotokea, maana mume wa msichana alikuwa mtu wa kusimulia. Kava aliitazama ile harusi kwa binti yake, mara ya kwanza akicheka, akisubiri hotuba yake. Akairudisha. Akaitazama tena, akisogea karibu na skrini. Alipofika penye kicheko cha mkewe aliomba isimamishwe, akakaa akiutazama uso ule unaomtazama yeye asiyekuwepo. Ukumbi mzima ulipomcheka hakuvunjika, kwa sababu angalau walimwona. Hili lilimvunja. Siku iliyofuata alikwenda kwa Bi Tena bila miwani, na mara hiyo hakumwita dada.

"Nirudishe mle," alisema mlangoni. "Suti chukua, jina chukua. Nitasimama sokoni niseme nilichomfanyia mama yako. Ila nirudishe kwa mke wangu."

"Kanda nimeirekodia juu."

"Umerekodi nini?"

"Ukuta."

Kava alishika fremu ya mlango. Bi Tena alingoja raha ije, ile ya ukumbini, ya kunywa bila kupumua. Ilikuja nusu. Nusu hiyo aliichukua yote.

Ni kweli Kava alisimama sokoni, mbele ya duka lake, akasema. Waliomsikia mwanzoni walidhani ni hotuba ya viti, wakacheka, na alipoendelea wakanyamaza mmoja mmoja. Hakuhutubia tena baada ya siku hiyo. Duka sasa linauza viatu. Bi Tena aliambiwa habari hizo akiwa juu ya stuli, akasema tu, "Angeyasema hayo wakati mama yu hai."

Bado anafanya filamu. Juzi juzi alikuwa na Jicho wakielekea kwenye nyumba waliyoazimwa, wakapishana na Kava kwenye kona ya duka la dawa, amekonda, na mfuko mkononi. Kava alisimama.

"Hujambo, mama."

Bi Tena alipita. Hakuharakisha wala hakupunguza mwendo. Jicho, aliyeitikia kwa niaba yake kwa kuinua mkono, akamfuata akimnong'oneza kwamba salamu hainyimwi mtu hata adui.

"Mimi nimemnyima," alisema Bi Tena. "Umekumbuka kuleta waya wa taa?"

Jicho alikuwa ameusahau. Wakagombana kuhusu waya hadi getini, ambako waigizaji walikuwa wameshafika na mmoja wao, mama mmoja mzee mwenye hasira za kucheleweshwa, alikuwa amekwisha kujipaka poda mwenyewe.